Mkataba wa Serikali Ukikatwa: Mafunzo Niliyopata Mbeya na Iringa

Huku kwetu Nyanda za Juu Kusini, barua za kusitisha mikataba huja na baridi. Mwaka wa fedha wa Serikali hufungwa Juni 30, na mikataba mingi ya halmashauri, hospitali na vyuo imewekwa ikome siku hiyohiyo. Kwa hiyo watu wa Makambako na Uporoto wanapoanza kutoa makoti mazito kabatini, ndipo dereva, mhudumu wa afya, mkusanya mapato na mhadhiri wa muda wanapoitwa masijala kusaini kitabu.

Sehemu kubwa ya maisha yangu ya kazi nilikuwa afisa utumishi, upande ule wa meza ambako barua hizo huandikwa. Tangu nistaafu nimekuwa nikiwasindikiza waliozipokea, Mbeya na Iringa, mbele ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ambayo kila mtu huiita CMA. Mimi si wakili. Mfanyakazi anaruhusiwa kwenda pale na wakili, na kiongozi wa chama chake, au na mtu aliyemchagua mwenyewe, na mimi huwa huyo wa tatu. Haya nayaandika kwa ajili ya mtu mwenye barua mkononi. Tahadhari moja: namba za vifungu nitakazotaja ni zile tulizozizoea. Toleo la Sheria Zilizorekebishwa la 2023, lililoanza kutumika Julai 2025, limesogeza baadhi yake, na sheria za kazi zenyewe zilifanyiwa marekebisho mwaka 2025. Nenda na nakala mpya.

1. Kabla ya kuuliza "kwa nini", uliza "wapi"

Anayekuja kwangu huanza na uchungu. Amefanya kazi vizuri, mkuu wa idara alimsifu mbele za watu, na sasa nafasi yake amepewa mpwa wa fulani. Mimi humkatiza kwa swali ambalo wengi huliona la dharau: "Mwanangu, una cheki namba?"

Mwenye cheki namba mshahara wake unatoka Hazina kupitia mfumo wa utumishi. Asiye nayo mara nyingi analipwa kwa mapato ya ndani ya halmashauri au ya taasisi. Sheria haisemi lolote kuhusu cheki namba, lakini jibu lake hunionyesha haraka tunaelekea upande gani, maana njia ziko mbili, na ukishika isiyo yako hakuna atakayefika kwenye huo uchungu.

Njia ya kwanza ni ya mtumishi wa umma. Sheria ya Utumishi wa Umma ya 2002 iliongezewa kifungu cha 32A mwaka 2016, nacho kinamtaka mtumishi wa umma amalize kwanza nafuu zote zilizomo ndani ya sheria hiyo kabla ya kukimbilia sheria za kazi. Yaani rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 45, na kutoka hapo kwa Rais. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, ikiketi Mtwara katika shauri la Shirika la Posta, ilimaliza ubishi: CMA haina mamlaka ya kusikiliza mgogoro wa mtumishi wa umma ambaye hajapita huko. Tangu hapo kuna mashauri yaliyokwisha sikilizwa hadi tuzo ikatoka, yakaja kufutwa kwa hoja hiyo moja, pamoja na ushahidi wake wote.

Njia ya pili ni CMA. Na hapa mtu wa mkataba ana silaha ambayo wengi hawaijui. Kifungu cha 3 cha sheria hiyohiyo, kinapoeleza ofisi ya utumishi wa umma ni ipi, kinaziweka kando nafasi ambazo malipo yake ni ya saa, ya siku au ya mkataba wa muda. Ukikisoma kama kilivyoandikwa, mtu wa mkataba wa muda hayumo humo, na kama hayumo, 32A haimfungi. Mimi hukiweka kifungu hicho ukurasa wa kwanza wa maelezo yetu, kwa sababu najua wakili wa serikali atasimama mapema na pingamizi la awali kwamba mlalamikaji ni mtumishi wa umma na amekosea mlango.

Hili linanikera na sitalificha. Mtu huyohuyo alipokuwa kazini aliambiwa hawezi kuthibitishwa wala kupanda daraja, "wewe ni wa mkataba, si mtumishi." Siku amefungua shauri, ghafla amekuwa mtumishi wa umma kamili, tena wa kutakiwa kukata rufaa hadi Ikulu. Kila kauli ina hoja yake ikisimama peke yake. Ukiziweka pamoja unaona mtu aliyetolewa nje penye manufaa na kuingizwa ndani penye vizuizi.

Waajiriwa wa vyuo, wakala na mamlaka za maji wawe waangalifu zaidi. Taasisi hizo zina sheria zilizozianzisha na kanuni zao za utumishi, na kifungu cha 31 cha Sheria ya Utumishi wa Umma kinawagusa kwa namna yake. Soma mkataba, soma kanuni za taasisi, ndipo uamue pa kwenda.

2. Siku 30 hazimsubiri mkurugenzi

Kanuni za usuluhishi na uamuzi, Tangazo la Serikali namba 64 la 2007, zinataka mgogoro wa kuachishwa kazi ufikishwe CMA ndani ya siku 30 tangu kuachishwa, au tangu mwajiri alipotoa uamuzi wake wa mwisho. Migogoro mingine imepewa siku 60. Watu wa mkataba hupenda kubishana kama dai lao ni la 30 au la 60. Ushauri wangu ni kwenda ndani ya 30 na kuuacha ubishi huo kwa wenye muda.

Siku hizo humalizwa na adabu. Mtu anaambiwa subiri mkurugenzi arudi Dodoma. Anasubiri. Akirudi anaambiwa suala lako litaingia kwenye kikao cha madiwani. Anasubiri tena, maana si vizuri kuonekana unakimbilia mashtaka wakati wakubwa wanakushughulikia. Mwezi unakatika. Anapofika CMA anapewa fomu namba 2, ya kuomba kuongezewa muda, na pale anatakiwa aeleze kila siku iliyopita ilipotelea wapi. Cheti cha hospitali kinasaidia. "Nilikuwa nafuatilia kwa mkurugenzi" husaidia mara chache sana, na hata hapo ni kama mkurugenzi alikuandikia.

Kufungua shauri CMA hakuna ada, na hakukuzuii kuendelea kuzungumza na mkurugenzi. Kwa kweli watu wengi husikilizwa vizuri zaidi baada ya fomu yenye mhuri wa kupokelewa kufika mezani kwake. Ila mwenye shaka kama yeye ni wa CMA au wa Tume ya Utumishi wa Umma asiache shaka hiyo ikae. Siku 45 za rufaa nazo hazisimami wakati wewe unabishana kwingine.

Jambo dogo linalowagharimu nauli wengi: shauri hufunguliwa ofisi ya CMA ya eneo mgogoro ulikotokea. Aliyekuwa akifanya kazi Rujewa, hata kama kwao ni Mafinga na sasa amerudi kulima viazi, ofisi yake ni ya Mbeya.

3. Kukatwa katikati ni kitu kimoja, kutoongezewa ni kingine

Hapa ndipo panapovunja mashauri mengi, kwa hiyo nitakaa.

Mkataba wa miaka 2 ukikatwa mwezi wa saba, hiyo ni habari moja. Mkataba wa miaka 2 ukifika mwisho na mwajiri asikuongezee, hiyo ni habari nyingine, na sheria yake ni nyingine, na unachoweza kudai ni kingine. Mwenye barua huziona zote mbili kuwa kufukuzwa. Mwamuzi haoni hivyo.

Tuanze na kukatwa katikati. Kanuni za utendaji bora za mwaka 2007, Tangazo la Serikali namba 42, kanuni ya 8, zinasema mwajiri anaweza kuukatisha mkataba wa muda maalum kabla haujafika mwisho kama mfanyakazi ameuvunja kwa jambo kubwa. Kama hajauvunja, mwajiri hana njia nyingine ila kumwomba mfanyakazi wakubaliane kuumaliza mapema. Ndivyo ilivyoandikwa, na maafisa utumishi wengi hawajawahi kuisoma. Wao husoma kifungu cha mkataba kisemacho kila upande unaweza kutoa notisi ya mwezi mmoja, wakaona kazi imekwisha.

Nilimsindikiza kijana wa maabara, kituo cha afya cha huku kwetu, aliyepewa barua ya mistari minne: kutokana na ufinyu wa bajeti, mkataba wako unasitishwa kuanzia tarehe ya barua hii. Alikuwa amebakiza zaidi ya mwaka. Alitaka tudai arudishwe kazini, tudai mishahara ya miezi 12 ambayo Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 iliiweka kama fidia ya chini ya kuachishwa isivyo haki, na tudai pia mishahara ya muda wote uliobaki. Nikamwambia achague moja, kwa sababu mahakama zetu zimekuwa zikisema misingi ya kuachishwa isivyo haki si ya mkataba wa muda maalum kwa jumla yake. Kwa mkataba uliokatwa njiani, dai lililo imara ni la uvunjaji wa mkataba, na nafuu yake ni mshahara wa muda uliobaki. Mahakama Kuu, Kitengo cha Kazi, ilishalisema hilo katika shauri la Good Samaritan, Marejeo namba 165 ya 2011: mwajiri anayekatisha mkataba wa namna hii, hasara ya mishahara iliyobaki ni matokeo ya moja kwa moja ya kitendo chake, tena matokeo aliyoweza kuyaona mbele.

Sasa fomu. Fomu namba 1 ya CMA ndiyo mashtaka yako, na ina sehemu B ambayo ni ya kuachishwa kazi peke yake. Mahakama Kuu ya hapahapa Mbeya, katika Marejeo namba 38 ya 2017 yaliyohusu Sekondari ya Ng'amba, ilikazia kwamba sehemu hiyo si ya kuchanganywa na madai mengine. Mtu mwenye hasira hujaza kila kisanduku, akidhani akirusha mishale mingi mmoja utapata. Upande wa pili unafurahi, maana umewapa pingamizi bila wao kutoka jasho. Kwa kijana wa maabara tulijaza uvunjaji wa mkataba, tukaandika kiasi, basi.

Mkataba uliofika mwisho ni mgumu zaidi. Kanuni ya 4 ya Tangazo hilohilo namba 42 inasema mkataba wa muda hukoma wenyewe muda ukifika, isipokuwa mkataba uwe umesema vinginevyo. Hakuna notisi inayohitajika wala kikao, hata shukrani si lazima. Mlango uliobaki ni mmoja: kifungu cha 36 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini kinahesabu kuwa ni kuachishwa kazi pale mwajiri anapokataa kukuongezea mkataba kwa masharti yaleyale au yanayofanana, kama ulikuwa na matarajio ya msingi kwamba utaongezewa.

4. Matarajio hayakai moyoni, yanakaa kwenye karatasi

"Lakini waliniahidi, mzee wangu." Nani aliahidi? Lini? Kwa maandishi?

Kanuni inamtaka mfanyakazi ndiye athibitishe kwamba matarajio yake yana msingi unaoonekana, mfano kuongezewa mara zilizopita au ahadi ya mwajiri. Kwenye mambo mengine ya kuachishwa kazi mzigo wa kuthibitisha uko kwa mwajiri, kifungu cha 39. Hapa umegeuka. Na waajiri wa umma wamejifunza. Mikataba ya siku hizi ina sentensi kwamba kuongezewa kwa mkataba huu hakutajenga matarajio yoyote. Ukisaini hiyo kila Julai kwa miaka mingi, kuongezewa huko kote watadai kuwa ni hisani.

Hata hivyo mwajiri huacha nyayo. Kinachonisaidia mimi, kwa mpangilio wa uzito, ni barua za kuongezewa za nyuma, ratiba ya likizo iliyoidhinishwa kwa tarehe zilizo baada ya mwisho wa mkataba, barua ya kumteua mtu huyo kwenda mafunzo ya mwaka unaofuata, na rota ya zamu ya Julai iliyobandikwa ukutani Juni na jina lake limo. Ujumbe wa kundi la WhatsApp la idara nao una nafasi yake, kama aliyeuandika ni mwenye mamlaka ya kuajiri. Mkuu wa idara akisema "msiwe na wasiwasi, wote mtarudi", hiyo ni faraja, si ahadi ya mwajiri.

Nyayo bora kuliko zote nilizokutana nazo ni za dereva mmoja wa halmashauri. Mkataba wake ulikoma Juni 30. Hakupewa barua yoyote, akaambiwa aendelee na kazi wakati taratibu zinakamilishwa. Akaendelea hadi baridi ikaisha na mvua za kwanza zikaanza kutajwa. Kisha akapewa barua ya kumjulisha kwamba mkataba wake ulikoma Juni, na barua yenyewe imeandikwa tarehe ya Juni. Kila mtu alimwambia hana kesi.

Gari la halmashauri, lile la namba za SM, lina kitabu cha safari. Kila safari inaandikwa tarehe, kilomita za kuondoka, kilomita za kurudi, mahali, na anayesafirishwa anasaini. Dereva wetu hakuwa na mkataba wa Julai, lakini alikuwa na nakala za kurasa za Julai, Agosti na Septemba, zikiwa na sahihi za maafisa ambao walikuwa tayari kuapa kwamba mtu huyu alikuwa amekwisha kuondoka kazini. Chini ya kila ukurasa kulikuwa na vibali vya mafuta vyenye jina lake. Kanuni ya 4 inasema mkataba wa muda unaweza kuongezeka wenyewe kama mfanyakazi ameendelea kufanya kazi baada ya muda kwisha na mazingira yanaonyesha hivyo. Mazingira ya kuonyesha zaidi ya hayo sijui ni yapi. Afisa sheria wa halmashauri alizifunua kurasa zile moja moja, akasita kwenye sahihi moja aliyoitambua, kisha akaomba twende pembeni tukazungumze.

Na kwa wale wa mikataba ya miezi mitatu mitatu: ulinzi dhidi ya kuachishwa isivyo haki haumgusi aliyefanya kazi chini ya miezi 6 kwa mwajiri mmoja, lakini kifungu cha 35 kinahesabu miezi hiyo iwe ni chini ya mkataba mmoja au zaidi. Anayekukatia vipande ili usifike miezi 6 hajakukatia kitu, kama vipande hivyo vimeungana.

5. Saini na tarehe

Barua yoyote unayopokea masijala, andika tarehe uliyoipokea kwa mkono wako, kwenye kitabu chao na kwenye nakala yako. Barua ya dereva yule ilikuwa na tarehe ya Juni, lakini kitabu cha masijala kilikuwa na saini yake ya Oktoba. Bila saini ile, siku 30 zake zingekuwa zimekwisha kabla hajajua zimeanza. Ukiambiwa saini tu, tarehe tutajaza sisi, kataa kwa upole.

Nakala za karatasi zako zitoe ungali kazini. Ukishakabidhi ofisi, mlinzi wa getini anakuwa mtu mwingine.

6. Mtu wa mradi naye ana mwajiri, ila lazima umtafute

Januari 2025 Marekani ilisimamisha misaada yake ya nje, na mikoa yetu ikaumia mapema, kwa sababu Njombe, Iringa na Mbeya ni miongoni mwa mikoa yenye maambukizi makubwa ya virusi vya UKIMWI nchini, na sehemu kubwa ya huduma hizo ilibebwa na fedha za Wamarekani. Washauri nasaha, waingiza takwimu na wahudumu waliokuwa wakikaa kwenye kliniki za Serikali, wakivaa sare zilezile na kuripoti kwa mganga mfawidhi yuleyule, walijikuta nje. Waliokuja kunitafuta waliuliza jambo moja: tumshitaki nani?

Jina lililo kwenye mkataba ndilo la kuanzia. Wengi wao mwajiri alikuwa asasi iliyosaini mkataba, na kwao njia ya CMA ilikuwa wazi bila mgogoro wa 32A, ingawa asasi yenyewe ilishakauka fedha. Kwa wachache mkataba haukuwepo kabisa, au ulikuwa wa kujitolea kwa posho, huku kituo cha Serikali kikiwapangia zamu, likizo na adhabu. Hao wasikate tamaa. Kifungu cha 61 cha Sheria ya Taasisi za Kazi kinamchukulia mtu kuwa ni mwajiriwa mpaka ithibitishwe vinginevyo, kama namna au saa zake za kazi zinaongozwa na mwingine, kama amekuwa sehemu ya taasisi, kama amefanya kazi wastani wa saa 45 kwa mwezi katika miezi mitatu ya mwisho, au kama vifaa anapewa na huyo mwingine. Vigezo viko kadhaa, na kimoja kinatosha kuanzisha dhana hiyo. Neno "kujitolea" juu ya barua haliifuti.

7. Sababu iandikwe, na mtu asikilizwe

Kuna barua zisizotoa sababu kabisa, na kuna zinazotaja "manufaa ya umma" kana kwamba ni sababu. Katika shauri la Gwagilo la miaka ya 1990, Mahakama Kuu Dodoma chini ya Jaji Mwalusanya ilikataa jambo hilo hata pale aliyemstaafisha mtu ni Rais: anayemwondoa mtu kwa manufaa ya umma lazima aseme manufaa hayo ni yapi. Yule alikuwa mtumishi wa kudumu, na sheria iliyotumika imeshabadilika, lakini hoja yake naiona bado ina meno, na sijaona afisa sheria akiifurahia.

Mkataba ukikatwa kwa tuhuma, iwe wizi, uzembe au utoro, mwajiri hawezi kuruka hatua kwa sababu tu mtu ni wa mkataba. Kuna uchunguzi, kuna tuhuma kwa maandishi, kuna muda wa kujiandaa usiopungua saa 48, na kuna haki ya kwenda na mwenzako kwenye kikao. Nimeona kikao kilichoitishwa asubuhi kwa ujumbe wa simu na kumalizika kabla ya chai ya saa nne.

Halafu yako mambo yanayokuja kama mafuriko. Aprili 2017 Rais Magufuli alipokea Dodoma orodha ya watumishi 9,932 wa vyeti vya kughushi, na agizo likawa waondoke. Waliokuwa na hatia walikuwemo, na waliokuwa na majina yaliyokosewa herufi nao walihangaika kujisafisha. Mwaka 2022 Serikali iliamua kuwarejeshea walioondolewa michango yao ya mifuko ya hifadhi. Uamuzi huo haukutoka mahakamani. Kenya nako, wahudumu wa afya walioajiriwa 2020 kwa mikataba ya miaka 3 katika mpango wa afya kwa wote walipiga kambi nje ya Afya House, Nairobi, mwaka 2025, wakidai ajira ya kudumu. Naheshimu sana kanuni na vifungu, lakini wengi wakiumizwa kwa pamoja, mazungumzo ya kisiasa huwafikisha mbali kuliko fomu namba 1 mia tano zilizojazwa kila mtu kivyake. Ndiyo maana huwauliza watu wa mkataba kama wamejiunga na vyama vya wafanyakazi kama TALGWU, TUGHE au RAAWU, na karibu wote hujibu kwamba walidhani vyama ni vya wenye ajira ya kudumu.

8. Usuluhishi si chumba cha kusubiria

Kabla ya uamuzi kuna usuluhishi, na sheria inaupa siku 30. Wengi huingia pale wakidhani ni hatua ya kupita tu ili wakapambane mbele. Mimi nafikiri kwa mtu wa mkataba pale ndipo penye fedha.

Tazama njia iliyobaki. Ukishindwa kusuluhishwa, kuna uamuzi. Ukishinda, mwajiri ana wiki 6 za kuomba marejeo Mahakama Kuu. Ukishinda na huko, kuna Mahakama ya Rufani kwa hoja za kisheria, na ile hoja ya 32A inaweza kuibuliwa hatua yoyote kwa sababu inahusu mamlaka. Na ukishinda kote, mali ya Serikali haikamatwi na dalali kama ng'ombe wa jirani. Malipo yanafuata bajeti. Mfanyakazi ambaye mkataba wake ulibakiza miezi minane hawezi kupigania miezi minane kwa miaka sita.

Kwa hiyo tunazungumza, lakini tunaandika vizuri. Makubaliano ya usuluhishi yanawabana wote wawili, na mimi nina mambo nisiyoyaacha. Kiasi kiandikwe kwa tarakimu na kwa maneno. Tarehe ya kulipa iwe kabla ya Juni 30, la sivyo fedha zitarudi na utaambiwa subiri mwaka mpya. Chanzo kitajwe, kama ni mapato ya ndani au ruzuku. Asaini mwenye mamlaka ya kulipa, maana afisa sheria huja na tabasamu bila kibali. Aliyeajiriwa kutoka mbali adai nauli yake na ya mizigo hadi mahali alipoajiriwa, na posho ya kujikimu ya siku alizokaa akiisubiri. Fungu hilo halmashauri husahau, nalo hukua kila siku wanayolisahau.

Tena kuna cheti cha utumishi, ambacho sheria inamtaka mwajiri akitoe bila masharti. Mama mmoja wa Iringa aliyekuwa mpishi wa wodi aliniambia tusiondoke chumbani mpaka kiwe kimepigwa mhuri, fedha zitakuja zikipenda. Msuluhishi akamwita karani wa mwajiri kwa simu, karani akaja na mhuri mfukoni, na cheti kikasainiwa juu ya faili lake, mbele yetu. Fedha zilichelewa, kama alivyotabiri. Zilipoingia alikuwa ameshaanza kazi kwenye hosteli ya chuo kimoja, na cheti kile ndicho kilichomuingiza.